Mkono Juu ya Sahani

Fundi mizani hakuwahi hata siku moja kumwambia mtoto wake, "Fanya hivi kwa sababu mimi ni baba yako." Maneno hayo aliyapiga marufuku nyumbani kwake kama wengine wanavyopiga marufuku pombe. Yeye alilelewa kwa maneno hayo pamoja na mkanda, na kila alipouliza kwa nini, mkanda ndio uliomjibu. Basi alipopata nyumba yake akaapa kwamba humo ndani atatawala mwenye sababu, hata awe mtoto aliyeota meno jana.

Shule aliiacha mapema, lakini kusoma hakuacha. Alinunua vitabu vilivyochakaa vilivyotandazwa chini kando ya barabara, vingine havina jalada, vingine vinaanzia katikati. Kimojawapo kilieleza habari za wenye fikra wa zamani wa nchi za mbali, waliosema kwamba akili ni taa, na kwamba siku watu wote watakapoiwasha, ujinga utakwisha, watu watavumiliana, na kila kizazi kitakuwa bora kuliko kilichotangulia. Alikisoma akiwa amekaa katikati ya mizani za wauza nyama na wauza sukari, vidole vikinuka mafuta ya mashine, akaona kwamba watu hao walikuwa wanamsema yeye. Kumbe dunia nayo ni mizani tu. Irekebishwe vizuri, kila kitu kitakaa mahali pake.

Mjini walimwita Mzee Kwanini. Mwuza nyama alileta mizani yake akisema inamsumbua, na fundi akauliza inamsumbua nani hasa, muuzaji au mnunuzi?

"Jamani, mzee, nimekuja kwa fundi, sikuja mahakamani," akalalamika mwuza nyama.

Fundi alikuwa na haki ya kuuliza, maana wapunjaji aliwajua wote. Alimjua anayebandika nta chini ya sahani na anayechimba mawe ya mizani kwa ndani. Aliyemchukia kuliko wote ni yule wa kidole gumba, anayejifanya anapangusa sahani huku ameikandamiza. Huyo alimfukuza kibandani kwa matusi, yeye ambaye kwa kawaida hakutukana mtu.

Nyumbani nako aliweka mizani. Kila Jumapili, vyombo vikishaondolewa mezani, alileta mizani kuukuu ya shaba yenye sahani mbili na ulimi mwembamba katikati. Mwenye shauri alilitaja. Sababu iliyokosa mtu wa kuipinga ilipata jiwe kwenye sahani ya upande wake. Maneno yakiisha, watu walitazama ulimi umeelekea wapi, na kesi ikawa imekwisha. Hakuna kununa, hakuna rufaa.

Mkewe alikuwa akiwatazama akiwa amejishika kiuno. "Mume wangu, siku moja utapima hata mapenzi."

"Yakipimika, kwa nini yasipimwe?"

"Haya, basi leo ulale na mizani yako."

Mke huyo alifariki kabla ya wakati wake, Mungu amrehemu, na mizani ikabaki.

Lazima isemwe kwamba katika mambo mengi mizani ile ilitenda haki. Hakuna mtoto aliyechapwa katika nyumba ile. Binti wa fundi alishinda kesi ya kwamba haiwezekani yeye aoshe vyombo kila siku huku kaka yake anacheza mpira, na kaka mtu akatia mikono kwenye maji ya sabuni, shingo upande. Lakini yalikuwapo na mengine. Kijana huyo aliuliza kwa nini ni lazima amsalimie kila mtu mzima anayekutana naye njiani, hata asiyemjua. Baba akatafuta sababu, akaikosa, jiwe likaenda kwa mtoto. Tangu hapo watoto wa fundi wakawa wanapita mtaani bila salamu, kama magari.

Ndani ya nyumba hiyo aliishi pia dada mkubwa wa fundi. Watoto walimwita Shangazi, na majirani wakafuata. Ndiye aliyemlea fundi baada ya mama yao kufa, yeye mwenyewe akiwa bado msichana. Akamshika mkono kumpeleka shule, akamngoja langoni jua la mchana, na wachumba waliokuja akawaambia bado ana kazi. Kikaoni hakukaa. "Mawe ninayoyajua mimi ni ya kuchagua kwenye mchele," alisema, akaenda zake jikoni.

Zamani hakuna aliyegusa kijiko kabla Shangazi hajakaa mezani. Siku moja yule kijana, tumbo likiwa linanguruma, akauliza ni kwa nini.

"Ndivyo tunavyofanya," akasema fundi.

"Hiyo si sababu, Baba."

Fundi akamgeukia dada yake. "Dada, mjibu mtoto."

Shangazi akacheka mpaka akafuta macho kwa kanga. "Nimjibu nini? Mwache ale, njaa inamuuma."

Sahani ya mizani ya upande wake ikabaki tupu. Kuanzia siku hiyo kila mtu alikula anapokuwa na njaa, na Shangazi akala jikoni, amesimama. Hakununa. Fundi aliona, akajiambia kwamba hayo ndiyo maendeleo.

Miaka ikapita. Zikaja mizani za umeme zenye namba nyekundu, ambazo zikiharibika hazitengenezwi, zinatupwa, na wateja wa fundi wakapungua hadi wakabaki wazee wenzake wanaokuja kupiga soga. Watoto wakakua. Kijana akaingia kazi ya bima, binti akawa wakili, yaani wote wawili wakawa wanakula kwa kutoa sababu. Kijana akaoa, akabaki pale nyumbani na mkewe na mtoto wao mdogo, mvulana wa kuanza kusema. Na akili ya Shangazi ikaanza kuondoka.

Iliondoka taratibu. Akatia chumvi kwenye chai. Akafua nguo zilizokwisha kufuliwa. Akamkaribisha fundi sebuleni, akamwambia akae, mwenyeji wake atakuja sasa hivi. Alipoulizwa jina lake mwenyewe alifikiri kwa adabu, kama mtu aliyeulizwa jina la jirani.

Kisha asubuhi moja, mkwe akiwa uani anaanika nguo, Shangazi akamshika mtoto mkono, akafungua lango, akaondoka naye. Yeye alikuwa na gauni la kulalia na ndala moja. Mtoto hakuwa na viatu. Wakaupita mtaa mzima, wakavuka barabara kuu, ile ya magari ya mizigo, wakafika kituo cha mafuta. Walikutwa hapo wamekaa kwenye ukingo wa saruji. Mtoto analia, Shangazi anambembeleza.

"Nyamaza, mdogo wangu, shule si mbali," alikuwa anamwambia. "Leo nitakungoja langoni."

Mkwe alimnyakua mwanawe, hakumweka chini hadi jioni. Fundi yeye alirudi kwa miguu njia ileile, akiuliza mlango kwa mlango. Hakupata hata mmoja ambaye hakuwaona.

"Niliwaona," akasema mpiga pasi.

"Mbona hukuwasimamisha?"

"Mzee wangu, siku hizi hatuingilii mambo ya watu. Nilidhani ndivyo wanavyoishi."

Mama wa duka la nywele aliwaona, naye hakutaka kuonekana anamdharau mtu kwa mavazi yake. Mlinzi wa nyumba ya ghorofa alikuwa na msaada zaidi: alimwingiza fundi kibandani akamwonyesha picha za kamera.

"Tazama, mzee. Wanaonekana vizuri kabisa. Hapa bibi anavuka. Hapa lori linapiga breki."

"Na wewe ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa hapahapa," akasema mlinzi. "Nilikuwa naangalia."

Fundi akatoka pale. Katika mtaa aliokulia, Shangazi asingefika hata nyumba ya tatu. Angetokea mama mmoja mwenye mdomo mchafu, hana kazi, hana haya, akapiga kelele: "We! Unampeleka wapi mtoto bila viatu?" Na wa pili angetoka kusikiliza, na wa tatu angekimbia kwenda kusema. Wambea wale fundi aliwachukia ujana wake wote. Aliwaona ndio giza lenyewe lililosemwa vitabuni. Leo angewapigia magoti.

Jumapili wakili alikuja mapema. Mizani aliileta mezani yeye mwenyewe, akaipangusa vumbi. Shangazi alikaa mwisho wa meza, anakunja kitambaa cha mikono na kukikunjua.

"Baba, shauri ni kwamba Shangazi aende kwenye nyumba ya kulelea wazee," akasema wakili. "Ile ya nje ya mji, yenye wauguzi na uzio. Mimi na kaka tumekwenda kuiona. Ni safi."

"Sawa. Semeni."

"Kwanza, usalama wa mtoto. Unapinga?"

Fundi akamtazama mjukuu wake aliyelala mapajani mwa mama yake. "Sipingi."

Jiwe likalia kwenye sahani.

"Pili, usalama wake yeye mwenyewe. Lile lori, Baba."

"Sipingi."

"Tatu," akadakia kijana wa bima, "hapa hakuna mtu anayejua kumhudumia."

"Mimi ninaweza kujifunza."

"Baba, juzi alijipaka dawa ya meno kichwani, ukasema ni sawa, inanukia."

Wote wakacheka, fundi naye akacheka, maana ilikuwa kweli. Jiwe likaingia. Sasa ilikuwa zamu yake.

"Amenilea," akasema.

"Hilo limepita," akajibu wakili, kwa upole. "Wewe ndiye uliyetufundisha. Jambo lililopita linaeleza tulikotoka, halitulazimishi tuendako."

Kweli alikuwa amewafundisha hivyo. Fundi akajaribu tena.

"Ataumia akiondolewa hapa kwake."

"Hajui kama ni kwake, Baba. Muulize."

Fundi akainama. "Dada. Hapa ni wapi?"

Shangazi akaacha kitambaa, akatazama kuta, dari, pazia, akitafuta la kusema lisilomuudhi mtu. "Ni pazuri," akasema. "Wenyewe wako wapi?"

Kijana wa bima akatazama chini.

"Umesikia," akasema wakili, sauti ikiwa imepungua. "Huku au kule, hatajua tofauti." Akachukua jiwe kubwa kuliko yote, akaliweka.

"Mimi nitajua," akasema fundi.

"Basi atabaki kwa ajili yako, si kwa ajili yake. Mtu azuiwe kupata matunzo bora ili wewe usijisikie vibaya? Ungekuwa upande wangu ungeliitaje jambo hilo, Baba?"

Angesema ni ubinafsi. Alimtazama binti yake, macho makavu, kidevu kimenyanyuka, akaona kwamba hajawahi kutengeneza kitu kilichokaa sawasawa kama huyu mtoto. Binti hakukosea popote. Sahani ya kule ilikuwa imelala mezani. Sahani ya kwake ilining'inia juu, tupu, ikicheza kidogo.

Fundi mizani akanyoosha mkono wa kulia. Akauweka juu ya ile sahani tupu, kiganja chote, akaikandamiza mpaka ikagonga meza. Upande wa pili ukaruka. Mawe yakamwagika, moja likabingirika mpaka chini ya kabati.

Watoto wake waliduwaa. Wangemwona anacheza uchi barabarani wasingeshangaa hivyo.

"Baba, unafanya nini?"

"Napunja."

"Unapunja?"

"Napunja. Mchana kweupe, na nyote mnaona."

"Toa mkono, Baba," akasema kijana. "Huo si sababu."

"Najua si sababu. Sababu sina. Nimeitafuta wiki nzima, na dada yako amezimaliza hata zile nilizokuwa nimezificha mfukoni. Mmeshinda. Na dada yangu haendi."

Wakili akasimama. Ilikuwa mara ya kwanza kwenye meza ile mtu kusimama kabla ya kikao kwisha. "Kwa hiyo sasa utatuambia ni kwa sababu wewe ni baba yetu."

"Hilo sitalisema hata leo. Nasema tu kwamba yule ni dada yangu."

"Hiyo si hoja! Hayo ni maelezo ya undugu."

"Basi ni maelezo ya undugu."

"Maisha yetu yote, Baba! Kila tulichotaka tulikipigania hapa. Nilikuwa mtoto mdogo, nalala naota mawe haya. Leo umeshindwa ndiyo unaweka mkono?"

Hilo lilimchoma, kwa sababu nalo lilikuwa kweli. Hakuutoa mkono.

"Kwa viboko mlikuwa na haki," akasema. "Kwa vyombo ulikuwa na haki, na ningekupa tena jiwe lile. Yapo ya kuwekwa hapa, mwanangu, mengi tu. Huyu hakuwa wa kuwekwa. Nilimweka siku moja tukiwa tunakula, mkiwa wadogo, na sikupaswa."

Mkwe, ambaye tangu aolewe hakuwahi kugusa jiwe la mizani ile, akafungua mdomo.

"Baba, mimi mambo yenu ya mawe siyajui. Mimi naogopa. Nikifumba macho naiona barabara ile."

"Una haki ya kuogopa, mama. Nitaweka komeo juu ya lango, nitakaa mlangoni kwake, lakini sitakudanganya kwamba nitaweza kila siku."

"Basi sisi tutahama," akasema kijana wa bima.

Fundi akamtazama mjukuu. Mtoto yule alizoea kulala kifuani kwake mchana, akimwachia udenda kwenye shati. Akapiga moyo konde.

"Hameni. Sitawalaumu."

"Utashindwa, Baba," akasema wakili, na sasa alikuwa analia. "Una magoti mabovu. Utashindwa."

"Nitashindwa leo, nitashindwa na kesho. Haendi."

Walihama mwezi uleule, wakapanga nyumba upande wa pili wa soko. Wakili alimtumia baba yake ujumbe mrefu wa simu, umepangwa vizuri, kila sababu mahali pake. Fundi aliusoma wote. Hakukuta kosa, na hakujibu.

Kibanda chake alikifunga. Meza ya kazi aliiburuta mpaka kwenye ujia mbele ya chumba cha dada yake, ili mtu asitoke bila kuipita. Kisha akavaa shati safi akaenda mtaani, nyumba kwa nyumba, akianza na wale waliokuwa wamewaona.

"Ukimwona dada yangu peke yake, mshike mkono," alimwambia mlinzi wa ghorofa.

"Akikataa, mzee?"

"Piga kelele."

"Si nitakuwa nimemwingilia?"

"Mwingilie. Nakuomba. Usimheshimu hata kidogo, wewe mshike."

Mpiga pasi aliangua kicheko. "Leo Mzee Kwanini anaomba bila kutueleza kwa nini!"

"Cheka ukimaliza unijibu. Utamshika au hutamshika?"

"Nitamshika, mzee. Punguza ukali."

Mama wa duka la nywele alikubali. Wengine walikuwa na vitu masikioni, wakatikisa vichwa bila kusikia, naye akawarudia kesho yake na keshokutwa mpaka wakavitoa. Akawa anamsalimia kila mtu, ili wamzoee, ili wajue mlango wake. Ilimpa tabu, maana ulimi wake ulikuwa umesahau. Vijana walimtazama kama mtu anayeuza kitu.

Kazi ya ndani ilikuwa ngumu zaidi. Shangazi alimpiga kofi akidhani ni mwizi. Alimwaga uji. Siku nyingine alimpokea vizuri kupita kiasi, akamwomba radhi kwamba nyumba haina kitu cha kumpa mgeni. Kumwogesha ndiko kulikomshinda kabisa: yeye ni mwanamume, huyo ni dada yake, wote wawili waliona haya, hata yule asiyejua ni nani. Jumamosi moja mkwe akaja peke yake, mtoto amemwacha kwa baba yake. Akapandisha mikono ya blauzi, akaingia bafuni na Shangazi, akafunga mlango, na maji yakasikika. Fundi alisimama ujiani na taulo. Mkwe alipotoka, amelowa mpaka kiunoni, fundi akafungua mdomo amuulize kilichomleta. Akaufunga.

"Asante, mama," akasema.

"Jumamosi ijayo nitakuja na sabuni nyingine, Baba. Hii inamwasha."

Baada ya hapo kidogo akaja mama mmoja mtanashati kutoka ile nyumba ya wazee, mkoba begani. Wakili ndiye aliyemwomba aje. Alizungumza vizuri sana, akiwa amesimama langoni.

"Hatuji kumlazimisha mtu, mzee. Tunaheshimu uamuzi wako kabisa. Tungependa tu kuelewa, ni nini hasa kinachokufanya ukatae?"

Enzi zake fundi angevuta viti viwili, angetoa mizani, wangezungumza mpaka jua lizame. Kutoka ndani ikasikika sauti ya kitu kinachoanguka, kisha Shangazi akiita jina la mama yao aliyekufa zamani.

"Haendi," akasema fundi.

"Lakini sababu yako ni…"

"Mama, umekuja kwa wema, na mimi nakuaga kwa wema. Haendi. Nenda salama."

Akafunga lango, akapandisha komeo, akaenda ndani haraka kadiri magoti yalivyomruhusu. Shangazi alikuwa amesimama katikati ya chumba, gauni limemkaa upande, amejaribu kulivaa mwenyewe, kiti kimeanguka.

"Kijana, wewe ni wa nani?" akauliza.

"Ni wa hapahapa. Inua kidevu, Dada."

Akainua. Fundi akavaa miwani. Kifungo cha juu kilikuwa kimeingia tundu la pili, na vyote vilivyofuata vimekosea vivyo hivyo mpaka chini. Akavifungua kimoja kimoja, huku dada yake akimkwaruza mkononi, akaanza kuvifunga upya kutoka cha juu.